Uso wa Mama Kifaranga

6 Machi

Kwa Mama Kifaranga,

Shikamoo Mama. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na cherehani yako, maana nilipoondoka ilikuwa imeanza kula uzi. Ulinikataza kukupa habari za mwanao kwa simu. Ulisema huwezi kusikia mambo yake huku wateja wamesimama mlangoni wakidai sare za watoto. Basi nimetii, nimeshika kalamu.

Filamu imekwisha. Nimejifungia chumba cha kuhariri miezi na miezi, mpaka mlinzi akaanza kuniuliza kama nina kwetu. Nilikuahidi haitakuwa filamu ya ngumi tu, na haikuwa. Pambano lile la mwisho watu wameshalitazama kwenye simu zao mpaka limechakaa, wanaona kijana anaanguka, wanasema maskini, wanaendelea na chai yao. Mimi nilitaka wamwone yule niliyemsikia kwako: mtoto aliyezaliwa mdogo mpaka mkunga akauliza huyu ni mtu au kifaranga, akalichukua jina la utani akapanda nalo ulingoni, akawa bingwa, na bado anakuja kwa mama yake akatwe kucha. Mtu akishamjua hivyo, hawezi tena kusema maskini akageukia chai. Ni kwa hilo tu nafanya kazi hii.

Onyesho la kwanza ni tarehe 28, ukumbi mkubwa wa mjini. Nimewawekea viti viwili mbele kabisa, chako na cha Kaka. Gari litawafuata. Vipande vingine vizuri nimelazimika kuviacha, maana mkuu wetu wa kituo cha televisheni alitaka filamu iwe fupi na iwaume watu, na neno la mwisho ni lake. Lakini wewe umo, na Kaka yumo.

Njoo Mama, tafadhali.

Binti wa Kamera

*

13 Machi

Binti wa Kamera,

Marahaba mwanangu. Barua yako imefika, imeletwa na mwalimu aliyekuja kudai sare zake, akanipa kwa mkono mmoja na kunidai kwa mkono wa pili.

Siji. Usinune. Mwanangu nilimzaa mara moja na kumzika mara moja, na siku ile ya kuzika waliniambia Mama jikaze, nikajikaza, nguvu zote ziliishia pale. Sasa nije nikae kwenye kiti cha mbele nimwangalie anaanguka ukuta mzima? Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, wewe bado hujazaa, nikusamehe.

Kaka atakuja. Nimempigia pasi shati jeupe, nimemkata na nywele za masikioni. (Unajua hata mimi namwita Kaka. Mdogo wake alipoanza kusema neno la kwanza halikuwa mama, lilikuwa kaka, na tangu hapo nyumba nzima tukamsahau jina lake.) Ananyamaza sana siku hizi. Anatoka asubuhi kuchomea vyuma, mageti ya watu na madirisha ya watu, anarudi, anakula, analala. Tangu msiba hajanisimulia pambano lile zaidi ya maneno matatu. Nilipomuuliza alisema, "Mama, ilikuwa ghafla." Yeye ndiye aliyekuwa kocha wake, ndiye aliyesimama kwenye kona yake na ndoo na taulo, kwa hiyo nilimwamini. Ghafla ni ghafla.

Ila wewe ulipokuja mara ya pili na kamera yako, alikupa mchana mzima! Mimi akanitoa ndani kama kuku. Sijui alikwambia nini na sikuulizi. Siku akitaka kuniambia, mlango wa kwangu ni pazia tu.

Swali moja. Kile kipande nilipokuonyesha kaptura yake ya kwanza ya ulingoni, niliyoishona upande mmoja mrefu upande mmoja mfupi, na nikakwambia jinsi alivyoivaa hivyohivyo ili nisione haya, umekiacha? Kama umekitoa tutakosana.

Mama Kifaranga

*

2 Aprili

Mama,

Shikamoo. Kaptura imo. Watu walicheka mpaka wakafutana machozi.

Laiti ungekuwepo! Ukumbi ulijaa, wengine walikaa kwenye ngazi. Mwishoni walinyanyuka wote. Mzee mmoja aliyewahi kuwa refa alinishika mkono, akaniambia amechezesha ngumi maisha yake yote na hajawahi kuwaza kwamba bondia anakatwa kucha na mama yake. Mama, hicho ndicho nilichokuwa nakitafuta. Na filamu imeshaitwa kwenye mashindano ya nje, na mkuu wa kituo ambaye hajawahi kunisalimia vizuri amenisalimia.

Kaka alikaa mbele na shati lake. Nilitaka nimpandishe jukwaani watu wamwone, lakini taa zilipowaka kiti chake kilikuwa kitupu. Nilitoka nje kumtafuta sikumpata, na dereva anasema hakumwona. Nadhani aliona watu wengi akaona bora aende zake. Msalimie sana, mwambie alisema maneno mazito na watu wameyapokea kwa heshima. Natumaini hajaudhika na chochote.

Binti wako

*

10 Aprili

Binti,

Salamu zako sijazifikisha kwa sababu wa kumfikishia hayupo.

Usiku ule wa onyesho hakurudi. Nikasema amelala mjini kwa rafiki. Kesho yake nikapeleka sare shuleni, niliporudi nikakuta funguo zake juu ya cherehani. Kachukua nguo zake, kachukua mashine yake ya kuchomea na ile miwani yake nyeusi. Shati jeupe kaliacha, limekunjwa vizuri kama la kuuza. Simu yake haipatikani. Pale anapofanyia kazi wanasema alipita akawaaga wote, mmoja mmoja kwa mkono.

Yaani amewaaga wauza mabati, mimi hakuniaga.

Binti, sijasoma sana lakini si mjinga. Mtu katoka hapa na shati la pasi, kaenda kutazama sinema yako, kahama nyumbani. Umemwonyesha nini mwanangu? Nilikupa mmoja aliyekufa umsimulie. Huyu mwingine alikuwa mzima.

Nijibu upesi.

Mama Kifaranga

*

16 Aprili

Mama yangu,

Shikamoo. Nimesoma barua yako nimesimama, nikaisoma tena nimekaa.

Sijui aliko. Ningejua ningekwambia kabla hujamaliza kuuliza. Nimewauliza mabondia aliowahi kuwafundisha, hakuna aliyemwona.

Kuhusu filamu, nakuhakikishia hakuna mahali anapotukanwa wala kudhihakiwa. Kuna maneno aliyoyasema mwenyewe siku ile alipokutoa ndani. Alijua kamera inafanya kazi na akaniruhusu kuyatumia, lakini aliniomba nisiwe mimi wa kukusimulia, na nimeshika ahadi. Pengine kujisikia mwenyewe, mbele ya watu wote wale, kumemwelemea. Hutokea. Wengi ninaowapiga picha hushtuka wakijiona wamekuwa wakubwa ukutani. Mpe muda, atapoa, atarudi.

Kama unataka nije nikae na wewe, nitakuja hata kesho.

Binti wako

*

20 Aprili

Mama,

Shikamoo. Nipo. Ninachomea vyuma kwenye daraja jipya, mbali na huko. Chakula kipo, kitanda kipo. Dereva wa lori la saruji ndiye atakayeleta barua hii, ukitaka mpe salamu tu.

Usinitafute. Sina hasira na wewe hata kidogo.

Nilikaa mbele kabisa Mama, kwa hiyo niliona vizuri. Nilikuona uso wako ulivyosikia niliyoyasema. Ulivyofumba macho na kugeukia pembeni usinione. Tangu msiba nilikuwa naogopa siku utakayojua, nikawa najiuliza utafanyaje, utalia, utanipiga, utanifukuza. Sikuwaza kwamba ulishajua, umeambiwa na kamera, na umekaa na mimi nyumba moja unanipakulia chakula bila kusema neno. Hilo ndilo lililonishinda. Afadhali ungenipiga.

Sikulaumu. Ningekuwa wewe ningegeuka pia. Lakini siwezi kukaa kwenye nyumba ambayo nimeuona uso ule.

Jingine, usiniite Kaka tena. Kaka ni wa mtu. Mtu mwenyewe hayupo.

Mwanao

*

27 Aprili

Binti wa Kamera,

Nakutumia barua ya mwanangu. Nimeinakili kwa mkono wangu, ya asili ninayo mwenyewe na sitaitoa. Soma.

Umesoma? Haya sasa nieleze. Uso gani? Nimegeuza uso lini? Mimi hajawahi kuniambia kitu nikageuka, na wewe hukuwahi kuniambia alichosema, umeandika mwenyewe kwamba umeshika ahadi. Sasa huyo mama aliyesikia akafumba macho ni mama gani? Mna mama mwingine mnamkodisha?

Jirani anasema filamu hiyo inakuja kwenye ukumbi wetu hapa wiki ijayo. Nilisema siji. Sasa naenda.

Mama Kifaranga

*

8 Mei

Binti,

Nimeiona.

Nilikwenda na jirani yangu, nikakaa katikati, si mbele. Kaptura nimeiona, kucha nimeziona, umemsimulia vizuri mwanangu, sitakudhulumu sifa yako. Kuna mahali anacheka na jino lake lililovunjika nikasahau kabisa kwamba amekufa, nikataka kumwambia afunge mdomo mbele za watu. Alipoanguka niliinama, jirani akaniambia tayari, nikainuka. Basi nikaona yale mengine.

Nikamsikia Kaka. Nikamsikia anasema maneno ambayo hajawahi kuniambia, na nitakayoyasema kuhusu maneno hayo nitamwambia yeye, si wewe. Halafu nikajiona mimi. Ukuta mzima! Nimefumba macho, nimekunja mdomo, nimegeuza uso pembeni, bega limepanda. Ukumbi wote ukafanya "aaah". Mwanamke wa nyuma yangu alisema, "Mama wa watu, hata kumtazama hawezi." Hakujua nimekaa mbele yake.

Binti. Ile ni chafya.

Ile ni chafya! Siku ya kwanza mlipokuja, tulipomaliza mazungumzo ulituambia tunyamaze sote ili chombo chenu kinywe kimya cha chumba. Nikakuuliza kimya mnakinywa cha nini, ukasema kila chumba kina kimya chake, bila hicho huwezi kuunga maneno yakaungana. Nikaheshimu kazi yako. Vumbi la chaki na nyuzi za vitambaa zikanipanda puani, nikasema nikipiga chafya hapa nitawaharibia watoto wa watu kazi. Nikafumba macho. Nikageuka. Nikajikaza hadi bega likapanda. Nilikuwa nakusaidia wewe! Na Kaka siku hiyo hakuwepo hata nyumbani, alikuwa kwenye mageti yake.

Chafya yangu umeichukua ukaiweka mbele ya mtoto wangu, ukamwambia huyu ndiye mama yako, hii ndiyo hukumu yake. Naye kaamini, angeachaje kuamini? Uso ni wangu.

Nilidhani kamera haisemi uongo. Mnajisifia hivyo.

Sasa sikia. Mwandikie. Dereva wa saruji ameniachia anwani ya pale darajani na namba ya simu ya msimamizi wao, nimeziandika nyuma ya karatasi hii. Mwambie ulichofanya, neno kwa neno, usijipambe. Na ule uso uutoe.

Sijui kama nakuchukia. Nimekulisha kwangu, inaniwia vigumu.

Mama Kifaranga

*

15 Mei

Mama,

Shikamoo. Sina haki ya kukuita Mama lakini sijui nikuite nani.

Nimemwandikia jana. Nimemweleza yote, na kwenye simu ya msimamizi wao nimemtumia kipande kizima, tangu niliposema "tunyamaze" mpaka chafya inatoka, maikrofoni inaanguka, na sisi sote tunacheka na wewe unaomba radhi. Asiponiamini mimi ataiamini chafya.

Unastahili kujua ilivyokuwa. Nilikuwa na maneno ya Kaka. Yalikuwa mazito, na baada yake hapakuwa na kitu, anamaliza kusema na anabaki anaangalia mikono yake. Mimi niliiacha hivyo. Mkuu wa kituo akaja akatazama, akasema, "Na mama? Watu watataka kumwona mama hapa." Nikamwambia mama hajui. Akasema, "Tafuta uso." Nikatafuta, Mama. Nilipita saa zote tulizokurekodi natafuta uso wako wenye huzuni, na wewe kila mahali unacheka, unatania, unamgombeza mtu wa sauti kwa kutokula. Mpaka nikafika kwenye kile kimya. Nilijua ni chafya. Nilikuwepo. Lakini nilipouweka pale ulikaa, na nilipoutazama mara kadhaa nikaanza kulia mwenyewe, na baada ya hapo sikuona tena chafya, nikaona mama. Nikajiambia siku ukijua ndivyo utakavyokuwa, kwa hiyo si uongo, ni ukweli uliowahi mapema.

Ulipoandika kwamba ameondoka, nilijua siku hiyohiyo. Nikakujibu kwa maneno laini. Hilo nalo ni langu.

Kipande nimekitoa kwenye nakala zangu. Mkuu wa kituo amekataa kukitoa kwenye zake, na nakala zilizokwisha kwenda sizipati tena. Mimi na kituo tumeachana. Na nikwambie la mwisho, lililo baya kuliko yote: watu wanaoniandikia kuisifu filamu, karibu wote wanasifu uso ule.

Nisamehe ukiweza. Usipoweza nitaelewa.

Binti wa Kamera

*

30 Mei

Mama,

Shikamoo. Nimeletewa kipande nikiwa juu ya daraja. Nimekitazama kwenye simu ya msimamizi, kofia ya chuma kichwani, kelele za mashine pande zote. Chafya ilipotoka nilicheka nikashika nguzo. Wenzangu wakadhani nimelewa. Nilikuwa sijakusikia unapiga chafya tangu nihame, na unajua inavyosikika hadi nyumba ya tatu.

Halafu nikaacha kucheka. Kwa sababu nimeelewa kwamba kumbe ulikuwa hujui. Wakati napanga nguo zangu, ulikuwa hujui. Na Binti anasema sasa unajua, umekwenda ukumbini ukanisikia.

Kwa hiyo nakuuliza moja tu, Mama. Uso ule ulikuwa wa uongo. Wa kweli ukoje? Uliponisikia nasema habari ya taulo, uligeuka au hukugeuka?

Nijibu hilo. Ukisema hukugeuka, lori la Ijumaa nitapanda. Ukisema uligeuka, nitajua pia. Sijui kama nitaweza kukutazama usoni kwa vyovyote, nasema ukweli. Lakini nataka kujua.

Mwanao

*

5 Juni

Mwanangu,

Marahaba. Nimefurahi unakula. Dereva wa saruji ananiambia umekonda, nami nimemwambia hakukuona ulipokuwa mnene.

Kwanza jina. Umesema nisikuite Kaka. Nikuite nani? La kwenye cheti hata wewe ukiitwa huitiki, mwalimu alikuwa anakuchapa bure. Mdogo wako ndiye alikupa, na cha marehemu hakirudishwi kwa sababu mwenye nacho ameona haya. Utabaki Kaka. Tumemaliza.

Sasa swali lako. Jirani nilimsomea barua, akaniambia, "Mwambie hukugeuka, arudi, mengine mtayamaliza ndani." Binti wa Kamera naye ameniandikia karibu hivyohivyo, kwamba ukweli mwingine unaweza kusubiri. Wote wana huruma. Nilikaa na kalamu. Maneno ni mawili, "sikugeuka mwanangu", na Ijumaa uko hapa. Nimeyaandika na karatasi nimeichana. Umeshadanganywa na uso wangu mara moja, sitakudanganya na mkono wangu.

Niligeuka, Kaka.

Nilikusikia unasema kwamba haikuwa ghafla. Kwamba tangu raundi ya saba ulijua, jicho lake moja limeshafunga na miguu haimtii. Kwamba taulo, lile la kutupa ulingoni ili pambano lisimamishwe, ulikuwa nalo mkononi. Alikutazama akatikisa kichwa, usitupe, nawe ukakumbuka mara ile ulipolitupa, alivyokaa mwezi mzima hasemi na wewe, anapita na sahani yake kula nje. Ukaogopa asije akakununia tena. Ukalishika. Raundi ya nane ukalishika, na ya tisa ukalishika.

Nikageuka. Hapakuwa na chafya wala vumbi. Niligeukia ukutani, macho nimefumba, na bega nadhani lilipanda vilevile, sijui, sikuwa na kamera. Na nikakuchukia. Nakuandikia hivyo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa. Nilisema moyoni, angetupa tu, angetupa, acha anune, anune mpaka azeeke, angekuwa ananuna kwenye nyumba yangu leo. Nilikuchukia kwa taulo lile na kwa ule uongo wako wa ghafla, niliolala na kuamka nao, nikiwaambia watu msibani, ilikuwa ghafla.

Haikuchukua muda. Hata pumzi niliyokuwa nimeivuta sikuwa nimeitoa. Nikakumbuka ulivyokuwa unaangalia mikono yako unaposema. Nikasema huyu hajala, tangu siku ile huyu hajala kitu kikashuka. Nikageuza uso nikutazame.

Nikakuta umeshaondolewa. Wameniweka mimi.

Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote, kwamba niligeuka nikarudi, na niliporudi hukuwepo. Ukumbini hukuwepo, nyumbani hukuwepo. Nimekuwa nimekugeukia tangu siku ile, sina pa kutazama.

Umetaka uso wa kweli, ndio huo. Uligeuka na ukarudi. Na sikuahidi kwamba hautageuka tena. Kuna asubuhi nitaamka nimemwota, nitakuona unakunywa chai yako, na nitageuka. Sitaki urudi ukidhani nimemaliza. Sijamaliza, na wewe hujamaliza.

Lakini unasema hutaweza kunitazama. Basi usinitazame, nani kakulazimisha? Panda lori Ijumaa. Ingia, usiseme kitu, kaa pale ukingoni mwa kitanda unipe mgongo, na mimi nitakaa kwenye cherehani nikupe wangu. Chumba unakijua kilivyo kidogo. Migongo itagusana.

Mama yako